Tumechangia Babu

Kusini-magharibi mwa Tanzania, kwenye miamba ya Nsungwe katika Bonde la Rukwa, watafiti waliokota vipande viwili vya taya. Kimoja kilikuwa na meno kadhaa. Kingine kilibaki na gego moja tu, nalo si zima. Mtu asiyejua angevipita kama anavyopita changarawe. Wenye taya hizo waliishi takriban miaka milioni 25 iliyopita, na walipotangazwa mwaka 2013 walipewa majina ya huko huko walikotoka: Rukwapithecus na Nsungwepithecus.

Siri iko kwenye magego. Vilima na mabonde ya meno ya Rukwapithecus ni vya ukoo wa sokwe. Vya Nsungwepithecus ni vya ukoo wa nyani, kima, tumbili na mbega. Ni wakazi wa bonde moja, na tayari wameachana.

Nimeanzia Rukwa kwa makusudi. Nikiwa shule ya msingi, mwalimu alituambia kwamba binadamu alitokana na nyani, na mwenzetu mmoja wa dawati la nyuma akauliza swali ambalo nadhani limeulizwa katika kila darasa la Afrika Mashariki: mbona basi nyani wa leo hawageuki kuwa watu? Tulicheka, mwalimu akakasirika, kipindi kikaisha. Nimekaa na swali lile miaka mingi, na leo naona mtoto yule hakukosea. Swali lilikuwa zuri. Sentensi iliyolizaa ndiyo mbovu. Hatukutokana na nyani. Kwenye miamba ya Rukwa, miaka milioni 25 kabla yetu, mlango wa nyani na mlango wa sokwe umekwisha kutengana, kila mmoja na gego lake. Sisi tumo katika mlango wa sokwe. Nyani ni binamu wa mbali sana, na hakuna binamu anayegeuka kuwa binamu mwenzake. Hata sokwe wa leo hatukutokana naye. Yeye na sisi tumechangia babu, kama tunavyosema juu ya ndugu waliochangia mama.

Kiswahili kina akiba kubwa katika jambo hili. Tuna neno binadamu, mwana wa Adamu, lililotufikia pamoja na Kiarabu na dini. Tuna sokwemtu, mnyama ambaye jina lake halimaliziki bila kumtaja mtu. Wamalei nao, ng'ambo ya bahari ile ile inayopiga pwani yetu, walisema orang hutan, mtu wa msituni, na dunia nzima ikampa sokwe wa Borneo na Sumatra jina hilo. Na siku hizi magazeti na makumbusho yetu yana neno zamadamu kwa watu wa kale kabisa, neno ambalo ndani yake nasikia zama na Adamu zikikaa pamoja.

Ulaya ilichukua muda mrefu kukubali kwamba ushahidi ungekuwa huku. Charles Darwin alibashiri mwaka 1871 kwamba wazee wetu wa kwanza huenda waliishi Afrika, kwa kuwa sokwemtu na gorila, walio karibu nasi kuliko wanyama wote, wanaishi Afrika. Hakuwa na mfupa hata mmoja wa kuonyesha. Miaka ishirini baadaye Mholanzi Eugène Dubois alipata mabaki ya mtu wa kale katika kisiwa cha Java, na macho yakaelekea Asia. Halafu mwaka 1912 likatangazwa fuvu la Piltdown huko Uingereza, lenye bongo kubwa na taya la kisokwe, na wakubwa wa taaluma wakaliamini. Raymond Dart alipoeleza mwaka 1925 juu ya fuvu la mtoto wa Taung kutoka Afrika Kusini, lenye ubongo mdogo lakini dalili za kutembea wima, wengi walimpuuza kwa sababu halikufanana na lile la Piltdown. Mwaka 1953 ilibainika kwamba Piltdown ni udanganyifu mtupu: fuvu la mtu limeunganishwa na taya la orangutani, meno yakapigwa tupa. Kwa miaka 40 kitu cha uongo kilikuwa kimeziba njia ya kitu cha kweli.

Wakati huo huo, upande wa Kenya wa Ziwa Viktoria, kazi ilikuwa inaendelea. Louis Leakey, mtoto wa wamisionari aliyezaliwa Kabete mwaka 1903 na kukua akizungumza Kikikuyu, alikuwa akipekua kisiwa cha Rusinga tangu miaka ya 1930. Pamoja naye alikuwa Heselon Mukiri, Mkikuyu waliyefahamiana tangu ujana, ambaye kwa maoni yangu ndiye baba wa kazi hii katika Afrika Mashariki. Kabla ya chuo kikuu chochote cha kwetu kufundisha somo la mifupa ya kale, Heselon alikuwa amekwisha kujifunza kutofautisha jino na jiwe kwa kulitazama tu. Mwaka 1948 mke wa Louis, Mary, aliona jino kwenye mteremko wa Rusinga. Walipochimba likatoka fuvu la sokwe wa kale, lenye uso wake, la miaka kama milioni 18. Mary alisafiri nalo kwa ndege hadi Uingereza.

Sokwe huyo aliitwa Proconsul, yaani aliyetangulia kabla ya Consul, jina lililokwisha kutolewa kwa mabaki kutoka Koru, magharibi mwa Kenya. Consul lilikuwa jina walilopewa sokwemtu waliofanyishwa maonyesho huko Uingereza. Wala si jina la heshima kubwa. Mnyama mwenyewe ndiye wa kusisimua: mwili wake umekaa katikati. Alitembea juu ya matawi kwa miguu minne kama nyani, lakini mifupa ya mwisho wa uti wake wa mgongo inaonyesha hakuwa na mkia. Mkia ulikuwa umekwisha kupotea katika mlango wetu, miaka milioni nyingi kabla ya mtu yeyote kusimama. Mwaka 2024 watafiti walieleza badiliko moja dogo katika kinasaba kiitwacho TBXT, ambalo sisi na sokwe wote tunalo na nyani hawana. Panya wa maabara waliowekewa badiliko la namna hiyo walizaliwa na mikia mifupi au bila mkia kabisa. Kila ukikaa vizuri kwenye kiti, umekalia urithi huo. Mwaka 1993 aina moja ya sokwe wa Rusinga ilipewa jina heseloni, kumkumbuka Heselon Mukiri.

Huko Tanganyika kulikuwa na korongo ambalo Wamaasai walilijua kwa katani pori inayoota humo, oldupai. Mwaka 1911 daktari Mjerumani, Wilhelm Kattwinkel, alifika akichunguza malale, akaondoka na mifupa ya wanyama na jina alilolisikia vibaya: Olduvai. Mwenzake Hans Reck alikuja mwaka 1913, na Louis Leakey mwaka 1931. Zana za mawe zilikuwa tele. Mwenye kuzichonga hakuonekana. Walirudi mwaka baada ya mwaka, maji ya shida, fedha za kuungaunga, kwa miaka 28.

Asubuhi ya tarehe 17 Julai 1959 Louis alikuwa kambini anaumwa homa. Mary alitoka na mbwa wake. Kwenye mteremko aliona mfupa umechomoza, akaupangusa, akaona meno mawili makubwa yamekaa mahali pake tayani. Aliendesha gari hadi kambini kumwita mumewe. Fuvu lile, likiwa vipande mamia vilivyogandishwa kimoja kimoja, lilikuwa na uso bapa, ukingo wa mfupa utosini wa kushikilia misuli ya kutafuna, na magego ambayo ya kwetu yakiwekwa kando yanaonekana ya mtoto. Louis alilipa jina Zinjanthropus boisei. Boise ni mfadhili. Zinj ndilo linalonigusa: ni jina la kale la Waarabu kwa pwani hii, lile lile lililomo ndani ya Zanzibar. Mtu wa Zinj. Wengi wanaolitaja fuvu hilo hawajui kwamba wanataja pwani.

Louis alikisia umri wa miaka 600,000. Mwaka 1961 wataalamu wa Berkeley, Marekani, walipima jivu la volkano lililokuwa pamoja nalo, kwa kuhesabu potasiamu iliyogeuka kuwa agoni, wakapata miaka 1,750,000. Historia ya mwanadamu ilirefuka karibu mara tatu kwa kipimo kimoja. Zinj sasa yuko Makumbusho ya Taifa, Dar es Salaam.

Lakini Zinj hakuwa babu yetu. Mwaka 1960, si mbali na alipopatikana, mtoto wa akina Leakey, Jonathan, alipata taya na vipande vya kichwa na mkono wa kiumbe mwenye meno madogo na ubongo mkubwa zaidi. Mwaka 1964 aliitwa Homo habilis, mtu mwenye mikono ya kazi. Wawili hao waliishi Olduvai katika zama zile zile. Waza hilo: aina mbili za zamadamu, wote wakitembea wima, wakinywa maji ya ziwa moja, na mmoja akaja kutoweka bila kuacha mjukuu. Ile picha ya foleni tuliyoizoea vitabuni, sokwe aliyeinama nyuma na mtu aliyesimama mbele, haina nafasi kwa Zinj. Ukoo hauendi kwa foleni. Una matawi, na matawi mengi hukauka.

Mwaka huo huo wa 1960, tarehe 14 Julai, mashua ilimshusha Jane Goodall, mwanamke wa miaka 26 asiye na shahada, kwenye ufuko wa Gombe kaskazini mwa Kigoma. Louis Leakey ndiye aliyemtuma. Hoja yake ilikuwa ya kiukoo kabisa: mifupa haisemi namna babu alivyoishi, basi tumtazame binamu aliye hai, na tabia walizo nazo wote wawili huenda zilitoka kwa yule waliyemchangia. Miezi michache baadaye Jane alimwona sokwemtu aliyempa jina David Greybeard ameketi kando ya kichuguu, anachomeka ukoka kwenye tundu, anauvuta taratibu, na kula mchwa waliong'ang'ania. Alimwona pia anachuma kijiti na kukipukutisha majani ili kifae kazi hiyo. Alikuwa anatengeneza zana. Hadi siku ile kutengeneza zana kulihesabiwa kuwa ndiko kunakomfanya mtu awe mtu.

Gombe haikuleta habari tamu tu. Wenyeji wa Kigoma walioajiriwa kufuatilia sokwe wakawa watazamaji wa kiwango cha juu, na mmoja wao, Hilali Matama, ndiye aliyeshuhudia mwaka 1974 madume wa kundi la Kasakela wakimvamia Godi wa kundi la Kahama, wakamshika, wakampiga na kumwacha na majeraha, hakuonekana tena. Hadi mwaka 1978 kundi la Kahama lilikuwa limemalizwa. Walikuwa wamewahi kuwa kundi moja. Na miaka miwili kabla ya vita hivyo, jike mzee Flo alikufa kando ya kijito, na mwanawe Flint, wa miaka kama minane, aliyekuwa bado anamtegemea, akakaa karibu na mwili wake, akaacha kula, akafa ndani ya mwezi mmoja. Sijui neno jingine la kuita hali ile isipokuwa msiba.

Undugu wa namna hii mtu anaweza kuukana kwa maneno. Damu haikani. Mwaka 1967 Vincent Sarich na Allan Wilson wa Berkeley walilinganisha protini za damu ya mtu na za sokwe, wakatangaza kwamba sisi na sokwemtu tuliachana takriban miaka milioni 5 tu iliyopita. Wataalamu wa mifupa walikasirika. Louis Leakey mwenyewe alikuwa na taya kutoka Fort Ternan, Kenya, la miaka milioni 14, alilolipa jina Kenyapithecus na kudai ni la mlango wa watu. Alikosea. Kenyapithecus ni sokwe wa kale, na damu ilikuwa karibu zaidi na ukweli kuliko jicho la bingwa. Leo hesabu nyingi zinaweka kuachana kwetu kati ya miaka milioni 6 na 7 iliyopita, pengine zaidi kidogo.

Mpangilio wa vinasaba vya sokwemtu ulipochapishwa mwaka 2005, herufi zilizolingana na zetu zilipowekwa sambamba, tofauti ilikuwa asilimia 1.2 hivi. Kuna jambo jingine ambalo watu wengi hulisikia mara ya kwanza wakashtuka: sokwemtu, pamoja na bonobo wa kusini ya Mto Kongo, wako karibu nasi kuliko walivyo karibu na gorila. Tukimpanga sokwemtu na gorila fungu moja na kujitenga sisi, tumepanga ukoo kwa sura wala si kwa damu.

Wanaosoma hati za tenzi za kale za Lamu na Pate, zilizoandikwa kwa herufi za Kiarabu na kunakiliwa kwa mkono, watanielewa upesi kwa mfano huu. Ukikuta hati mbili zina kosa moja mahali pamoja, neno lile lile limerukwa katika ubeti ule ule, unajua zilinakiliwa kutoka hati moja iliyokwisha kukosewa. Miili yetu ina kosa la namna hiyo. Mbuzi hutengeneza vitamini C ndani ya mwili wake. Ndiyo maana anaweza kukaa kiangazi kizima kwenye majani makavu asiugue fizi. Sisi hatuwezi, lazima tule embe, machungwa au mchicha, kwa sababu kinasaba cha kazi hiyo ndani yetu kimeharibika. Sokwemtu naye kimeharibika, na mabaki yake yana makosa yanayofanana na ya kwetu. Nyani pia hana. Kosa hilo ni la zamani kuliko kuachana kwa milango ile miwili ya Rukwa, na wote tumelinakili.

Kromosomu nazo zinasimulia. Sokwemtu na gorila wana jozi 24, sisi tuna 23. Moja haikupotea: kromosomu yetu ya pili ni mbili za kisokwe zilizoungana ncha kwa ncha, na mwaka 1991 watafiti walionyesha alama za ncha hizo zikiwa bado zimekaa katikati, kama mshono mahali ambapo vipande viwili vya kitambaa vilikutanishwa.

Sasa nije kwa mtu ninayempenda kuliko wote katika habari hii. Kamoya Kimeu alizaliwa Ukambani, Makueni, mwishoni mwa miaka ya 1930. Alisoma miaka michache tu, akajiunga na kazi ya Olduvai mwaka 1960 kama kibarua wa kuchimba. Louis na Heselon walimwona haraka. Mwaka 1964, Peninj karibu na Ziwa Natron, aliona taya la chini la zamadamu kama Zinj, la kwanza kujulikana. Mwaka 1967 alikuwa Omo, Ethiopia, mahali ambapo mabaki ya watu kama sisi, ya miaka karibu 200,000 au zaidi, yalipatikana. Baada ya hapo akawa kiongozi wa kikosi cha watafutaji wa Richard Leakey, mtoto mwingine wa Louis na Mary, huko Turkana, wengi wao Wakamba, na kutoka kikosi hicho ndiko Bernard Ngeneo aliona mwaka 1972 vipande vya fuvu la zamadamu, namba 1470, lililokuja kuunganishwa kutoka vipande zaidi ya 150.

Watu huuliza walikuwa wanatafutaje. Kwa miguu. Unatembea taratibu juu ya ardhi iliyochimbuliwa na mvua, macho chini, jua la Turkana mgongoni, maelfu ya mawe yenye rangi ya mfupa na mifupa yenye rangi ya mawe. Unatafuta mpindo ambao jiwe halina, au mng'ao wa enameli. Na ukishauona lazima ujue ni wa nani: swala, nguruwe, nyani au mtu. Kipande kimoja kidogo cha kichwa kina unene wake na mkunjo wake. Elimu hiyo haikuwa na cheti.

Mwezi Agosti 1984, kambini Nariokotome magharibi mwa Ziwa Turkana, ilikuwa siku ya mapumziko. Wenzake walikuwa wakifua nguo na kulala. Kamoya alivuka mto mkavu akaenda kutembea, na kwenye changarawe za kokoto nyeusi akaona kipande cha mfupa cheusi vile vile, kidogo kama kiberiti. Kilikuwa cha paji la uso la mtu. Walipochimba, msimu baada ya msimu hadi mwaka 1988, ikatoka sehemu kubwa ya mifupa ya mwili wa kijana wa kiume wa miaka kama 1,500,000 iliyopita, mingine ikiwa imenaswa na mizizi ya mti. Meno yake yanaonyesha alikuwa na umri wa miaka kama minane au tisa, na tayari alikuwa na kimo cha sentimita 160 hivi. Miguu mirefu, kiuno chembamba, mabega ya mkimbiaji. Kuanzia shingoni kwenda chini ungemwona kwa mbali barabarani Lodwar usishangae. Kichwani, bongo lilikuwa kama theluthi mbili ya letu.

Makala iliyomtangaza kijana huyo mwaka 1985 katika jarida la Nature ina waandishi wanne. Kamoya si mmoja wao. Desturi ya kazi ilikuwa hivyo: anayeona anashukuriwa, anayeandika anaitwa mgunduzi. Mwaka huo huo alialikwa Ikulu ya Marekani na Rais Reagan akamkabidhi nishani ya La Gorce ya National Geographic, jambo la heshima kubwa, na mwaka 2021 chuo kikuu cha Case Western Reserve kikampa udaktari wa heshima. Sokwe wa kale kutoka kaskazini ya Kenya, wa miaka kama milioni 25, anaitwa Kamoyapithecus. Mzee Kamoya alifariki Julai 2022. Mimi bado nadhani jina lake lingepaswa kuwa katika vitabu vya darasa la sita, mstari ule ule ulipo jina la Leakey.

Kijana wa Turkana alikuwa na mtihani mwingine. Mwaka 2006 makumbusho ya Nairobi yalipokuwa yakifanyiwa ukarabati, baadhi ya viongozi wa makanisa walitaka asipewe nafasi ya mbele. Siwabezi. Nilikulia katika nyumba ya watu wa ibada, najua uzito wa kuambiwa asili yako si ile uliyofundishwa ukiwa umepiga magoti. Ila mifupa 108 hailazimishi mtu yeyote kuacha kuomba. Inaomba itazamwe tu, na nilifurahi iliposalia mahali pa kutazamwa.

Miili inadanganya kidogo kwa kuwa imevunjika. Nyayo hazidanganyi. Huko Laetoli, kusini mwa Olduvai, volkano ilimwaga jivu miaka milioni 3.66 iliyopita, ikanyesha mvua nyepesi ambayo matone yake bado yanaonekana, na wanyama wakapita juu ya jivu hilo bichi. Lilikauka kama saruji, jivu jingine likafunika. Mwaka 1976 watafiti wawili watatu walikuwa wakirushiana mavi makavu ya tembo jioni moja, Andrew Hill akaanguka akikwepa, na pua yake ikakaribia alama za wanyama ardhini. Mwaka 1978 Paul Abell aliona kisigino cha mtu. Ndibo Mbuika, mfukuaji katika kikosi cha Mary Leakey, akaendelea kuondoa udongo, na zikatokea nyayo mbili, kubwa na ndogo, halafu nyingine, halafu nyingine, mita 27 za watu wakitembea kuelekea kaskazini.

Kidole gumba cha mguu kimelala sambamba na vingine. Ukitazama mguu wa sokwemtu utaona gumba limeachana na vidole, linashika tawi kama mkono. Kisigino cha Laetoli kinatua kwanza, uzito unapita ukingoni, gumba linasukuma. Ndivyo ulivyokwenda dukani asubuhi hii. Na waliopita pale walikuwa na ubongo usiozidi sana wa sokwe, wala hakuna zana ya jiwe iliyopatikana katika tabaka hilo. Piltdown ilikuwa imefundisha kwamba kichwa kilitangulia. Laetoli ikaonyesha miguu ndiyo iliyotangulia.

Mizizi ya migunga ilipoanza kuzitishia, nyayo zile zilifunikwa upya, kazi iliyokamilika mwaka 1996, na wazee wa Kimaasai wakafanya ibada ya kupabariki mahali hapo. Miaka kama ishirini baadaye timu iliyoongozwa na Watanzania, akiwemo mwanaakiolojia mkongwe Fidelis Masao wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilikuwa ikichunguza eneo la kujenga makumbusho mita 150 kutoka pale, na mashimo ya majaribio yakafumbua nyayo nyingine kwenye jivu lile lile. Zilitangazwa Desemba 2016, majina ya Watanzania yakiwa ya kwanza kwenye makala. Mmoja wa waliopita alikadiriwa kuwa na kimo cha sentimita 165, mrefu kuliko wote wa zama hizo wanaojulikana.

Kabla ya Laetoli giza linaongezeka, na nitapita haraka. Kuna Orrorin wa milima ya Tugen huko Baringo, aliyetangazwa baada ya uchimbaji wa mwaka 2000, wa miaka milioni 6, ambaye mfupa wa paja lake unaashiria kusimama. Kuna Toumaï wa Chad, aliyeonwa na Ahounta Djimdoumalbaye mwaka 2001, wa miaka milioni 7 hivi. Wako jirani kabisa na njiapanda yetu na sokwemtu. Babu mwenyewe tuliyemchangia bado hana fuvu kwenye kabati lolote.

Na upande wetu wa hadithi, karibu kabisa na sasa, kuna pango moja katika kaunti ya Kilifi, Panga ya Saidi, safari fupi kutoka baharini, kwenye nchi ya Wamijikenda. Watafiti wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya na wenzao wa nje walianza kuchimba humo mwaka 2010. Mwaka 2013 waligusa shimo dogo lenye udongo wa rangi tofauti, na mwaka 2017 wakafika kwenye mifupa iliyolainika kiasi kwamba kuigusa ilikuwa kuipoteza. Waliuzungushia udongo wote plasta, wakaubeba bonge zima hadi Nairobi, kisha Hispania, wakauchambua punje kwa punje.

Alikuwa mtoto wa miaka miwili na nusu au mitatu, wa watu kama sisi, aliyefariki miaka 78,000 iliyopita. Hakuna kaburi la watu kama sisi la kale zaidi ya hilo lililopatikana Afrika hadi sasa. Walichimba shimo kwa ajili yake. Wakamlaza ubavu wa kulia, magoti yamekunjwa kifuani, sehemu ya juu ya mwili imefungwa kwa kitu kilichokwisha kuoza. Namna kichwa kilivyoinama baadaye inaonyesha kilikuwa kimeegemezwa juu ya kitu kama mto. Kisha wakamfukia kwa udongo wa mle mle pangoni walimokuwa wakiishi.

Waliomfukua walihitaji jina la kumwita katika majarida ya dunia nzima. Hawakwenda kwenye Kilatini. Walimwita Mtoto.